Kusini, Kutafuta Bahari Isiyofikiwa na Mionzi

Kila mmoja wenu anayepita kwenye meza yangu ya viungo ananunua iliki ya kisingizio, kisha anainama na kuninong'oneza: "Eti Bibi Somoe, ni kweli ulikwenda mpaka Nyasa kutafuta samaki?" Nimechoka kusimulia vipande vipande. Kila mtu anaondoka na kipande chake anakwenda kukishona anavyotaka, na juzi nimesikia kwamba nilikwenda kwa mganga. Sikwenda kwa mganga. Kaeni mnisome. Shule niliishia darasa la nne, kwa hiyo mkikuta herufi imekaa vibaya, ipiteni.

Kariakoo: Rehema anaacha kula

Mjukuu wangu Rehema mnamjua, yule wa duka la vitenge. Mama yake alikuwa mwanangu, alifariki Rehema akiwa bado ananyonya, nikamlea mimi. Na mnajua kwamba mimba yake ya kwanza ilitoka. Basi hii ya pili ilipoingia, Rehema akageuka askari wa tumbo lake. Hainami, habebi, hacheki kwa nguvu. Hayo yote niliyavumilia.

Kisha ikaja video kwenye simu. Mtu asiyeonekana uso anaeleza kwamba maji ya ule mtambo wa nyuklia wa Japani yanaachiwa baharini, na mionzi yake inasafiri kwa maji na kwa upepo mpaka huku kwetu. Mionzi, alisema, haionekani, hainuki, haina ladha, inapenya nyama mpaka mfupa. Rehema akaitazama hiyo video mpaka akaijua kwa moyo. Asubuhi moja nilimpelekea kwake changu wabichi kutoka soko la samaki la Feri, macho bado yanang'aa, naye akawatazama kana kwamba nimeingiza jambazi ndani.

"Bibi, hao watoe."

Nikawatoa. Kesho yake akaacha mchicha, kwa sababu mvua ilinyesha juu yake. Akaacha maziwa, kwa sababu ng'ombe anakula majani na majani yamenyeshewa. Mwisho alibaki na mkate na chai ya rangi. Tulikwenda kliniki, tukapita viwanja vya Mnazi Mmoja polepole kama wagonjwa wawili, nesi akampima akasema damu imeshuka sana. Akampa vidonge, akamwambia, "Mama, kula. Vidonge peke yake havijengi mtoto." Rehema akaitikia kwa adabu. Tuliporudi nyumbani akanywa chai ya rangi.

Mume wake Shabani alibembeleza. Mimi nilifoka. Hakuna kilichosaidia.

Siku moja akiwa amelala ubavu, akasema mwenyewe, "Bibi, natamani ng'onda."

Nyie mnajua ng'onda, samaki aliyepasuliwa akatiwa chumvi na kuanikwa juani. Na mnajua kwetu mja mzito akitamani kitu hatafutiwi sababu, kinatafutwa kitu chenyewe. Niliinuka pale pale natafuta viatu.

"Lakini awe wa bahari ambayo hayo maji hayajafika," akasema.

Nikakaa tena nikafikiri. Mimi nimezaliwa pwani ya kusini. Babu zangu walikuwa wakisema mali ya Asia inakuja na kaskazi, upepo unaotoka juu kushuka chini. Vyombo, tende, mazulia, vyote vilishuka hivyo. Basi nikapiga hesabu yangu: kama uchafu huo unatoka Asia, utashuka na kaskazi vilevile. Utafika Mombasa, utafika Tanga, utafika Dar. Mtwara utafika mwisho. Kwa hiyo niende Mtwara, nikifika niende mbele zaidi, mpaka bahari ya mpakani, kabla haijaguswa.

Jirani yangu Mama Manka, Mchaga wa duka la nafaka, alinishangaa. "Bibi, ng'onda wamejaa hapa sokoni. Nunua, mwambie wametoka mbali. Nani atajua?"

"Nimdanganye mja mzito?"

"Siyo uongo huo, ni dawa."

"Nimemlea bila dawa hiyo."

"Haya, mkaidi. Sisi kwetu mzazi anakula mtori, hakuna safari. Ndizi, nyama, kwisha."

"Nyama imenyeshewa mvua," nikamwambia, naye akapiga makofi akaingia dukani kwake.

Mbagala mpaka Somanga

Nilipanda basi Mbagala, kiti cha dirishani. Pembeni yangu akakaa mama wa makamo mwenye miwani na mkoba mzito wa vitabu. Akanisalimia vizuri, shikamoo, marahaba, akajieleza: Mwalimu Neema, kwao Masasi, anafundisha jiografia sekondari huko karibu na Msimbati. Nilifurahi kimoyomoyo maana Msimbati, karibu na mpaka wa Msumbiji, ndiko nilikokwenda, lakini sikumwambia. Mambo ya tumbo la mjukuu hayamwagwi ndani ya basi.

Tulipopita Mkuranga jua likachachamaa. Mwalimu akajipepea kwa daftari.

"Samahani Bibi, tufungue dirisha kidogo?"

"Upepo huo unatoka wapi?"

Akanitazama. "Unatoka... nje, Bibi."

Nikafungua kidogo, upana wa kiganja. Nilikuwa nimeamua nisile wala nisivute kitu cha njiani mpaka nifike kwenye bahari safi, ili nikirudi niweze kusema mbele ya Rehema kwamba nimejionea mwenyewe tofauti. Ndivyo nilivyo. Nikikunja, sikunjui.

Kabla ya Somanga basi likasimama. Mvua ilikuwa imekula barabara, kalavati limebaki meno, na mafundi wanamwaga mawe kwa burudani yao. Tukashuka wote. Wauza samaki wa Somanga, wale wanaokaanga wakapanga kwenye sinia, walisikia kwamba basi limekwama wakatufuata hadi pale. Jamani, harufu! Abiria wakala mpaka mikono ikang'aa. Mwalimu akanunua vipande viwili, kimoja akaninyooshea.

"Sili."

"Umefunga, Bibi?"

"Hapana."

"Tumbo?"

Nikanyamaza. Sasa kunyamaza kwangu ndiko kulikoniponza. Mwalimu akahisi vingine. Akaenda kuzungumza na konda kwa sauti ya chini, konda akazungumza na dereva, na muda si mrefu mzee mmoja mwenye kofia akaja na papai amelikata vizuri.

"Chukua bibi yangu, hili ni laini, halitakuumiza."

Mama mwingine akanitandikia kanga yake kivulini. Kijana mmoja aliyekuwa akitupigia kelele kwa spika yake tangu Mbagala akaizima akasema, "Tumpumzishe mgonjwa." Nikawa mgonjwa wa basi zima. Nilitaka kusema siumwi, lakini ningesema siumwi wangeuliza kwa nini sili, na ningesema kwa nini sili wangeuliza ya Rehema. Basi nikala papai kwa sura ya mgonjwa. Lilikuwa tamu, na lilikuwa limenyeshewa, nalijua hilo. Nilijipa moyo kwamba papai lina ganda.

Barabara ilipopitika konda akapaza sauti: "Mgonjwa apande kwanza!" Nikapandishwa kama yai.

Msimbati: mlangoni

Mtwara nililala kwa ndugu, kesho yake nikapanda pikapu ya Msimbati na Mwalimu Neema, ambaye bado alikuwa akinishika kiwiko kila penye shimo. Njia ya mchanga, mikorosho kila upande. Njiani tulinunua ming'oko ya kuchemsha, ile mizizi ya porini wanayokula kusini kwa chumvi na pilipili, nikala kwa furaha maana sasa nilihesabu kwamba nimeshatoka kwenye hatari.

Aliyenipokea ni wifi yangu Fatuma, dada wa marehemu mume wangu. Huyu tangu nimeolewa hatujawahi kusalimiana bila kurushiana mawe.

"Karibu mke wa watu. Umekonda. Kaka yangu alikuacha na njaa?"

"Kaka yako aliniacha na wewe, wifi. Hiyo ndiyo njaa yenyewe."

Tukakumbatiana, tukalia kidogo, tukaacha. Nikamweleza kila kitu. Yeye ni mtu wangu, kwake simwagi siri, naihifadhi. Alisikiliza mpaka mwisho, hakucheka.

"Ng'onda tu? Ng'onda wapo. Twende ufukweni ukajichagulie."

Uani kwake, kabla ya kutoka, niliona miche ya pilipili imepandwa ndani ya chupa kubwa za plastiki zilizokatwa vichwa, na ndani ya maboya ya rangi ya chungwa. Chupa zilikuwa na maandishi nisiyoyajua. Mimi herufi zetu nazisoma, na hizi zilikuwa herufi zetu, ila maneno hayakuwa ya kwetu wala ya Kizungu.

"Hizi umezipata kwa nani, wifi?"

"Kwa bahari. Zinaletwa na maji. Kila kusi ikivuma tunaokota. Chupa, vifuniko, ndala za mguu mmoja mmoja. Walimu wanasema ni vitu vya Indonesia."

"Indonesia ni wapi?"

"Huko Asia huko. Zinafika hapa kwetu kwanza, zingine zinanasa, zingine zinaendelea kupanda kwenu Dar."

Nilishika ile chupa muda mrefu. Wifi akadhani nataka kupewa.

Tulikuta Mwalimu Neema ameshuka ufukweni kununua kitoweo. Nikaenda kwake moja kwa moja.

"Mwalimu. Maji ya bahari hii yanatoka wapi?"

Alitaka kutabasamu, akaona uso wangu, akaacha. Akavua kiatu, akachora mchangani kwa kisigino. Huku Afrika, huku Asia, kule mwisho Japani. Akaeleza kwamba upepo wa kaskazi unasukuma vyombo na maji ya juu juu, lakini chini yake kuna maji yanayotembea kama mto mkubwa ndani ya bahari. Yanatoka mashariki, yanavuka bahari yote ya Hindi, yanagonga pwani hapa hapa, kusini. Yakigonga yanagawanyika. Mengine yanashuka Msumbiji, mengine yanapanda Lindi, Kilwa, Dar, Tanga, mwaka mzima.

"Yanapanda," nikasema.

"Yanapanda, Bibi."

"Hayashuki."

"Hayashuki."

"Kwa hiyo nikikimbia kitu kinachokuja na maji kutoka Asia, nikatoka Dar nikaja hapa..."

"Utakuwa umekuja kukipokea mlangoni."

Wifi Fatuma alikaa chini mchangani. Alicheka mpaka kanga ikamvuka, akajifunika uso, akacheka tena humo humo ndani. Wanawake waliokuwa wakigeuza samaki kwenye chanja wakaja kuuliza kuna nini, naye akashindwa kuwaeleza, ananyooshea kidole tu.

Nikamweleza Mwalimu ya Rehema, sasa sikuwa na cha kuficha. Kwanza akashtuka. "Kwa hiyo huumwi?"

"Siumwi."

"Na lile papai la yule mzee?"

"Nilikula."

Akavaa kiatu chake, tukakaa kwenye mtumbwi uliopinduliwa. Akaniambia yale maji ya Japani yanaanza kwa kwenda upande mwingine kabisa, yanaelekea Amerika, yanazunguka bahari kubwa kuliko zote miaka na miaka. Sehemu ndogo inapenya katikati ya visiwa vya Indonesia na kuvuka kuja kwetu. Kufika hapa yamechanganyika na maji ambayo akili ya mtu haiwezi kuyapima.

Mimi nauza viungo. Nikamuuliza kwa lugha yangu. "Nikitia punje moja ya pilipili manga kwenye pipa la maji la shughuli, hiyo pilipili ipo?"

"Ipo."

"Mtu atawashwa?"

"Hatawashwa. Na pipa lako ni dogo mno, Bibi. Sema ziwa."

"Lakini ipo."

"Ipo. Na siyo hiyo tu." Akasema bahari ina mionzi yake yenyewe tangu ilipoumbwa, kwenye chumvi na mawe, na hiyo ndiyo nyingi kuliko yote ya wanadamu. Kisha kuna ya zamani, ya mabomu waliyokuwa wakiyajaribu wakubwa wa dunia mimi nikiwa mtoto. Vumbi lake lilipanda juu kuliko mawingu, likazunguka, likashuka na mvua kila mahali, kidogo kidogo, mpaka nchi ambazo hazikuwahi kuona bomu.

"Samaki huyu atamdhuru mjukuu wangu?"

"Kwa mionzi? Hapana. Mimi mwenyewe mimba zangu zote nimezibeba hapa hapa nikila hawa hawa. Kinachomdhuru ni chai ya rangi."

"Kwa nini basi usiniambie tu haipo, nikaondoka na roho nyeupe?"

"Kwa sababu umeniuliza kama ipo."

Nikamheshimu. Nikachagua ng'onda wangu, wazuri, wakavu, wifi akawafunga kwenye kijamvi cha ukili. Jioni nilikula pweza wa nazi mpaka nikafungua pindo la kanga. Lakini moyoni bado nilikuwa na deni la neno. Rehema alisema maji ambayo hayajafikiwa. Basi, kama bahari yote ni moja, liko ziwa. Ziwa halina mlango wa baharini.

"Nyasa?" wifi akasema asubuhi. "Wewe mwanamke umepatwa."

Masasi, Tunduru, Namtumbo

Njia hiyo ni ndefu na siwachoshi nayo. Masasi nilikula maembe makavu, Tunduru basi lilipasuka tairi mbele ya duka la wachimba vito, kila mwanamume akashuka kutafuta utajiri na kurudi na soda.

Baada ya Tunduru alikaa pembeni yangu mzee Mngoni, akajua kwa lafudhi kwamba mimi ni wa pwani ya kusini, basi akaanza utani. "Nyie watu wa pwani, babu zetu walipowafukuza mlikimbilia majini. Leo umetoka majini unakuja kurudishiwa nini?"

"Nakuja kuwahesabu. Nasikia mnapungua."

Tukapatana. Nikamweleza ninakokwenda na kwa nini, maana sasa nilikuwa nimeshazoea kuchekwa. Yeye hakucheka. Tulikuwa tunaingia Namtumbo, miombo mitupu, barabara nzuri. Akanyoosha kidole dirishani.

"Huku upande wa porini, mama, chini ya ardhi kuna urani. Ndiyo hiyo hiyo wanayotilia kwenye mitambo yao. Imo humo ardhini kabla ya babu wa babu yangu."

"Inatoa mionzi?"

"Si ndiyo kazi yake?"

Nikafunga dirisha, kisha nikalifungua. Nikafungua lote. Nimekimbia mionzi ya Japani mpaka kwenye udongo inakozaliwa, na miti iko pale imesimama, na watoto wanauza mahindi ya kuchoma, wanene, wanakimbizana na basi. Nilinunua hindi nikala. Yule mzee akaniambia, "Umenyamaza, mtani."

"Nafikiri."

"Msifikiri sana nyie, hamjazoea."

Mbamba Bay

Ziwa ukilitazama kutoka juu kwenye kona za mlima utasema ni bahari. Rangi ile ile, mawimbi yale yale, hata ng'ambo huioni vizuri. Nilifikia kwa Mama Otilia, mwanamke anayekausha usipa, dagaa wa Nyasa. Hatukuwa tunajuana. Nilimkuta ametandaza nyavu kubwa ufukweni, usipa wanameta juu yake kama shanga, nikasalimia, nikauliza bei, akasema kaa kwanza mama, bei haikimbii.

Nilikuwa nimekaa kwenye jiwe ninamsifia ziwa lake, namwambia hili halina habari na Japani, mara wingu likafunika mlima nyuma yetu.

"Mvua!" akapiga kelele. Ufuko wote ukalipuka. Wanawake wanakunja nyavu, wanaburuza, wanatupa maturubai. Nami nikashika pindo la wavu, nikavuta na uzee wangu. Hatukuwahi. Mvua ilitukuta katikati, ikatupiga sisi na usipa na jiwe nililokalia.

Nilisimama palepale. Otilia akanifuata. "Mama, ingia ndani!"

"Mvua hii inatoka wapi?"

"Inatoka upande huo, mashariki. Inavuka milima."

"Na nyuma ya milima?"

"Nyuma ya milima si ndiko kwenu? Baharini."

Maji yananitiririka usoni, na nikamwona mama yangu. Nilimwona waziwazi, ameinama chini ya makuti amekinga mtungi, mvua ya kwanza ya masika, anatuita tuje tunywe kwa kuwa maji ya mvua ni matamu kuliko ya kisima. Miaka ile ile aliyoitaja Mwalimu. Tukakinga mikono, sisi watoto wote, tukanywa. Sikuwahi kumpenda mama yangu kama nilivyompenda pale Mbamba Bay, na alishakufa zamani.

Otilia alinipa kanga kavu, akanipikia ugali na usipa wabichi kwa nyanya. Nilikula nikamaliza. Nilipomsimulia ya Rehema aliendelea kukoroga uji wa wajukuu zake, kisha akauliza:

"Sasa hivi yuko na nani huyo mtoto?"

"Mume anashinda dukani."

"Yeye anashinda na nani?"

Nikafikiri. "Na simu yake."

Otilia aliipua uji. Alinifungia kwenye mfuko usipa wale wale wa mvua, waliomaliziwa kukaushwa juu ya jiko, akanikataza kumshukuru sana. Kesho yake alfajiri nilikuwa kituoni, na safari hii mimi ndiye niliyekuwa nikimhimiza dereva.

Kurudi

Njia ya Njombe na Iringa niliipita nimejikunja kwa baridi. Abiria walilalamika juu ya harufu ya mizigo yangu, na walikuwa na haki. Nilikuwa na vifurushi viwili mapajani, cha bahari na cha ziwa, na maneno ya Mama Manka kichwani: nani atajua? Ningeweza kumpa Rehema usipa na kusema, hawa hawajaguswa na chochote. Angekula. Damu ingepanda. Mpaka Morogoro nilikuwa nimeshaupanga uongo wangu vizuri, una kichwa na miguu.

Nilimkuta kitandani. Alikuwa amezidi kukonda, tumbo limebaki peke yake kama kitu alichoazimwa. Simu iko kifuani.

"Umerudi, Bibi. Umewapata?"

"Nimewapata, mke mwenzangu." Hivyo ndivyo ninavyomwita tangu mtoto, kwa kuwa ni mke wa babu yake. Nikafungua vifurushi miguuni pake.

"Wa maji safi ni wapi?"

Uongo ulikuwa mdomoni, tayari. Akanitazama kwa yale macho ya mama yake. Nikashindwa.

"Hakuna," nikasema. "Hawa wa Msimbati wametoka mlangoni kabisa, maji ya Asia yanaanzia kwao. Nilikwenda kinyume. Nilikimbia nikamfuata adui kwake. Hawa wa Nyasa wamenyeshewa mvua, nimeshuhudia mwenyewe, nimenyeshewa nao. Na njiani nimepita juu ya urani."

Nikamsimulia yote. Papai. Mgonjwa apande kwanza. Wifi Fatuma kuvukwa na kanga. Nilipofika hapo mdomo wake ulicheza. Nilipofika kwenye kutoka majini na kurudishiwa nini, akacheka, kicheko kidogo chenye kutu. Nikamwambia ya pilipili manga na pipa, ya mabomu, ya mama yangu na mtungi.

Kisha akasema, huku akiangalia ukutani, "Bibi. Ile ya kwanza. Nilikuwa nakula samaki kila siku."

Kumbe. Miezi yote hiyo mimi nagombana na mkate na chai, na kitu chenyewe kilikuwa hiki.

Nilipanda kitandani na viatu, mimi ambaye nimewachapa wajukuu wote kwa kosa hilo. Nikakaa nyuma yake nikamshika.

"Sikiliza. Nilipoteza wawili kabla ya mama yako. Wa kwanza nilikuwa nakula muhogo. Wa pili nilikuwa nakula chochote nilichopewa. Mama mkwe alisema nimeruka kamba ya mbuzi, mwiko kwa mja mzito. Daktari alisema inatokea. Mimi sikupata jibu mpaka leo, na siwezi kukupa jibu ambalo sina. Lakini samaki hakumuua mwanao, na wewe hukumuua. Hilo nalisema mbele ya Mungu."

Alilia. Nikamwacha alie, sikumwambia nyamaza. Shabani alichungulia mlangoni, nikampungia mkono aondoke, akaondoka.

Alipomaliza nilishuka, nikaloweka ng'onda kutoa chumvi, nikakuna nazi. Nilichanganya na usipa kidogo, mchuzi mmoja, bahari na ziwa, nipikwe na mimi humo kama kuna atakayeshangaa. Nikamwekea sahani nami nikajiwekea, tukakaa mkekani. Nikaanza mimi. Yeye akachambua miiba kwa vidole, taratibu, akatazama kile kipande kwa mwanga wa dirisha, akakitia mdomoni, akatafuna.

"Chumvi imebaki, Bibi."

"Kula."

Akala. Akaongeza ugali. Kliniki ya juzi nesi alimpima akatabasamu, akasema vidonge viendelee na chakula kiendelee.

Basi mmeyajua. Rehema yuko kwangu sasa, simu namwekea mimi, anaichukua akitaka kumpigia mume wake. Mkija kumtazama, njooni na ndimu, anazipenda siku hizi. Na atakayekuja na video, atanikuta mlangoni.